Saa ya Nyasonda

Mkono unaonyesha kumi na mbili, kinywa kinasema sita.
Kila mtoto wa hapa huijua hesabu hiyo
kabla hajajua kufunga viatu, na haulizi.
Kati ya namba ya kioo na namba ya ulimi
kuna uwazi. Humo ndimo anamokaa Nyasonda,
mwenye nyota, mwenye majira, mwenye yatakayokuwa.

Kalunde binti Mihayo hakumjua.
Alijua springi, vibano, mafuta ya tone moja,
na lenzi anayoibana jichoni hadi shavu limeota alama.
Kibanda chake kinatazama stesheni ya Tabora,
pale reli inapojigawa: hii Kigoma, hii Mwanza.
Hii ya Mwanza ndiyo aliyoipanda mdogo wake Shija,
mfukoni ana tiketi ya Kigoma.
Miaka kumi na tisa. Hata salamu.

Usiku huo treni ilitangazwa saa nne,
ikatangazwa saa saba,
kisha kipaza sauti kikanyamaza kama mdaiwa.
Abiria walilala juu ya magunia ya karanga.
Nyuki watatu wakaizunguka taa ya Kalunde
(nyuki, usiku!)
na nyuma yao mwanamke, kichwani mzinga wa gome,
bila ngata.

Akautua mezani, juu ya saa za watu.
“Imesimama. Ilianza kuchelewa tangu Jumanne.”
“Mama, mimi fundi saa. Warina asali wako sokoni.”
“Fungua.”

Akafungua.
Hamkuwa na magurudumu. Masega, sega nyuma ya sega,
na katika kila kitundu nyota,
nyingine zimeiva, zinadondoka mwanga mzito,
nyingine bado majana, zimezibwa kwa nta.
Jana la nyuki, jana ya watu:
Kalunde aliwahi kudhani maneno hayo yamefanana kwa bahati.
Huko nje, juu ya mabati ya stesheni,
mbingu ilikuwa imeganda. Hata mbwa hawakubweka.

Akashusha lenzi. Akaiona:
chembe ya kokoto ya reli, ndogo kuliko chawa,
imekwama kati ya kitundu na kitundu.
Na ndani ya chembe, Shija.
Mguu mmoja ngazini, mmoja chini,
shati lile la mistari, uso umegeuka nyuma
kama mtu aliyeitwa.

“Ni wewe uliyempeleka?”

Nyasonda hakukasirika. Alijibu kama anayesoma risiti:

*Nabadili mimi reli, behewa silisukumi,*
*Nyota nazipanga mbali, njia zake sizisemi,*
*Alipanda kwa akili, tiketi haina ndimi,*
*Kitoe hicho kijiwe, asubuhi haigomi.*

Kibano kilitetemeka, mara ya kwanza tangu uanagenzi.
Akaitoa.
Masega yakavuma. Juu ya bati nyota zikasogea zote pamoja,
na kwa mbali, upande wa Malongwe, honi.
Watu wakaamka wakitukana, wakitafuta ndala.

“Ujira wako?”
“Hiki kijiwe.”
“Kitakuchelewesha.”
“Nimekwisha kuchelewa, mama.”

Nyasonda akajitwika mzinga. Hakuaga.
Mezani aliacha duara la nta,
na saa zote za wateja zikisema jambo moja.

Isipokuwa moja. Ya Kalunde, ya mkononi.
Chini ya kioo chake mna kichembe,
na kila usiku, mkono ukifika kumi na mbili, kinywa kikisema sita,
unasita dakika nzima.
Dakika hiyo Shija hajapanda.
Mguu mmoja bado uko chini, kwenye vumbi la Tabora,
na yule anayemwita bado ana sauti.

“Fundi mwenye saa mbovu!” wanamcheka wauza asali.
Naye anacheka nao. Anasema ni kweli,
anasema ataitengeneza kesho.